Lester Cole: Mwandishi Aliyefichwa Nyuma ya Simba wa Meru

Filamu haianzi kwa hadithi, huanza kwa majina. Waliokuwa wakihudhuria majumba ya sinema ya Mombasa katika zama za Regal, Naaz na Majestic wanalijua hilo. Taa huzimwa, muziki hupigwa, na majina hupita juu ya pazia moja baada ya jingine, huku watu wangali wakitafuta viti na wengine wakitafuna njugu. Aghalabu hakuna anayeyasoma isipokuwa ya wale nyota wanaocheza. Jina la mwandishi wa mchezo hupita kama jahazi usiku.

Katika filamu ya Born Free, yaani Kuzaliwa Huru, ambayo ilitoka mwaka 1966 na kulipeleka jina la Meru katika kila pembe ya dunia, mwandishi anatajwa kuwa ni Gerald L. C. Copley. Ndugu msomaji, mtu huyo hakuwako. Hakuzaliwa, hakusoma, hakuoa wala hakufa. Lilikuwa jina la kubuni tu, na nyuma yake alijificha mtu mzima wa miaka sitini na ushei, Mmarekani aliyekuwa amekaa jela katika nchi yake kwa sababu ya kukataa kujibu swali moja. Mtu huyo ni Lester Cole.

Hadithi ya simba Elsa wengi wetu tunaijua. Ya mtu aliyeipanga ili ipate kuonyeshwa katika sinema haijulikani sana. Nayo inafaa kujulikana, maana inahusu jambo lisilozeeka: mtu akitakiwa aseme ili aendelee kula, je, atasema?

MTOTO WA FUNDI WA CHAMA

Lester Cole alizaliwa tarehe 19 Juni, 1904, katika mji wa New York. Wazazi wake walikuwa Mayahudi waliohamia Marekani kutoka Poland, na jina lao la ukoo lilikuwa Cohn. Baba yake alikuwa katika kazi ya ushonaji nguo, na alikuwa mmoja wa wale waliowakusanya washonaji wenzao katika vyama vya wafanyakazi. Kwa hiyo kijana alikua akisikia habari za mishahara, migomo na haki za mnyonge kama vile mtoto wa Lamu anavyokua akisikia habari za pepo na bahari.

Shule hakuimaliza. Alipokuwa na umri wa miaka 16 aliiacha, akaingia katika michezo ya kuigiza, na baadaye akaelekea Hollywood, huko California, ambako sinema ilikuwa imekuwa biashara kubwa. Alijaribu kucheza mwenyewe, lakini riziki yake haikuwa katika uso wake, ilikuwa katika kalamu. Mwaka 1932 alikuwa miongoni mwa waandishi wengi walioshirikiana katika filamu ya If I Had a Million, na tangu hapo hakurudi nyuma. Baina ya mwaka 1932 na 1947 michezo zaidi ya 40 aliyoiandika, peke yake au pamoja na wenziwe, ilifanywa filamu.

SINEMA ZA BEI NDOGO

Hapana budi tueleze kidogo jinsi biashara ile ilivyokuwa. Katika miaka ya 1930, wakati wa dhiki kubwa ya uchumi, wenye majumba ya sinema wa Marekani waliona kwamba mtu hatoi senti zake kwa urahisi. Wakabuni njia ya kumwonyesha filamu mbili kwa tikiti moja. Ya kwanza ilikuwa ile kubwa, yenye nyota wenye majina. Ya pili ilikuwa ndogo, ya saa moja au kupita kidogo, iliyotengenezwa kwa fedha chache na kwa siku chache, aghalabu kwa kutumia nyumba za mbao na nguo zilizokwisha kutumika katika filamu nyingine. Hizi ndizo zilikuwa sinema za wapelelezi, za kutisha, za wachunga ng'ombe na za majambazi.

Mwandishi wa sinema hizo alikuwa kama fundi seremala aliyeagizwa milango. Huambiwa urefu, huambiwa upana, huambiwa siku ya kuleta kazi. Hana nafasi ya kukaa akingoja moyo umtume. Lester Cole aliijua kazi hiyo vizuri. Mwaka 1933 alishiriki kuandika Charlie Chan's Greatest Case, moja katika mfululizo wa filamu za mpelelezi wa Kichina wa visiwa vya Hawaii. Na hapa ni haki tuseme jambo ambalo watazamaji wengi wa leo wangelikasirikia: huyo Mchina alichezwa na Warner Oland, mzaliwa wa Sweden. Hivyo ndivyo Hollywood ya siku hizo ilivyowatazama watu wa Mashariki, na Cole alikula mkate katika meza hiyo hiyo.

Mwaka 1936, kwa kampuni ndogo ya Republic, aliandika pamoja na mtunzi Nathanael West filamu ya The President's Mystery, ambayo wazo lake lilitoka kwa Rais Roosevelt mwenyewe. Mwaka 1940 kampuni ya Universal ilitoa filamu mbili zake. Moja ni The House of the Seven Gables. Ya pili ni The Invisible Man Returns, yaani Kurudi kwa Mtu Asiyeonekana, aliyoiandika pamoja na Curt Siodmak. Katika hiyo ya pili, mtu aliyehukumiwa kifo kwa kosa asilolifanya hupewa dawa ya kumfanya asionekane kwa macho, akatoroka gerezani ili amtafute mkosa wa kweli. Aliyecheza alikuwa Vincent Price, na sehemu kubwa ya mchezo watu huisikia sauti yake tu bila ya kumwona. Miaka saba tu baadaye, mwandishi wake naye alianza safari ya kuwa mtu asiyeonekana.

VITA NA HADITHI ZAKE

Ilipofika vita vya pili vya dunia Cole alipata kazi kubwa zaidi. Iliyo bora pengine ni None Shall Escape, iliyotoka mwaka 1944 ikiongozwa na André de Toth. Vita vilikuwa havijakwisha, lakini filamu hiyo iliwaza yatakayofuata. Inaonyesha mahakama ya mataifa imekaa kumhukumu Mnazi mmoja, na mashahidi wanakuja mmoja mmoja kueleza aliyoyatenda katika kijiji cha Poland, pamoja na kuuawa kwa Mayahudi wa kijiji hicho. Mahakama ya kweli ya Nuremberg ilianza Novemba 1945, karibu miaka miwili baadaye.

Mwaka 1945 zilitoka mbili nyingine. Blood on the Sun, iliyochezwa na James Cagney, ilihusu mwandishi wa gazeti katika Japani ya kabla ya vita. Na Objective, Burma!, aliyoiandika pamoja na Ranald MacDougall, ilimwonyesha Errol Flynn akiongoza kikosi cha Wamarekani katika misitu ya Burma. Filamu hii ilizua ghadhabu huko Uingereza kwa sababu ilionekana kana kwamba Burma ilikombolewa na Wamarekani peke yao. Iliondolewa katika sinema za London baada ya muda mfupi tu, na haikurudishwa mpaka mwaka 1952.

Sisi wa Afrika Mashariki tungekuwa na sababu yetu ya kulalamika. Askari wa King's African Rifles, waliotoka Kenya, Tanganyika, Uganda na Nyasaland, walipigana katika Bonde la Kabaw mwaka 1944, katika matope na malaria, mpaka wakafika mto Chindwin. Wapo wasiorudi. Katika filamu ile hawamo kabisa. Lester Cole, aliyeamini kwamba kalamu yake inamtetea mnyonge, hakuwaona wanyonge wale. Tusimwonee, maana si yeye aliyekuwa mwenye kampuni, lakini tuliandike hili pia katika daftari yake.

SWALI MOJA

Sasa tuje katika lile lililomvunja. Mwaka 1933 Cole alikuwa mmoja wa waasisi wa chama cha waandishi wa sinema, pamoja na John Howard Lawson na Samuel Ornitz. Kabla ya hapo mwandishi aliweza kufukuzwa kazi bila ya taarifa, na jina lake kuondolewa katika filamu likawekwa la mtu mwingine. Chama kilitaka mambo mawili: malipo ya haki, na jina la mwandishi lionekane juu ya kazi yake. Mwaka uliofuata Cole alijiunga na Chama cha Kikomunisti cha Marekani.

Vita vilipokwisha, urafiki wa Marekani na Urusi ulikwisha pia. Katika Oktoba 1947 kamati ya Bunge la Marekani, iliyoongozwa na mbunge J. Parnell Thomas, iliwaita watu wa sinema mjini Washington ili ichunguze kama Wakomunisti wameingia Hollywood. Lester Cole alisimama mbele yake tarehe 30 Oktoba, siku ile ile walipoitwa Ring Lardner mdogo na mtunzi wa Kijerumani Bertolt Brecht. Aliulizwa kama ni mwanachama wa chama cha waandishi, na kama ni Mkomunisti.

Alikuja na taarifa yake ameiandika, lakini hakuruhusiwa kuisoma. Akakataa kujibu kwa ndiyo au la. Hoja yake na ya wenziwe ilikuwa kwamba katiba ya nchi yao inamlinda mtu katika rai yake, na kwamba serikali haina ruhusa kumuuliza raia moyoni mwake mna nini. Watu kumi walishika msimamo huo. Wakajulikana ulimwenguni kuwa ni Kumi wa Hollywood.

Tarehe 24 Novemba Bunge lilipitisha washtakiwe kwa kosa la kulidharau. Siku ya pili yake wakuu wa kampuni za filamu, waliokutana katika hoteli ya Waldorf-Astoria mjini New York, walitangaza kwamba hawatamwajiri yeyote katika hao kumi, wala Mkomunisti mwingine, mpaka ajisafishe. Hivyo ndivyo ilivyozaliwa orodha nyeusi. Haikubandikwa ukutani, lakini kila mwenye kazi ya kutoa aliijua, na wengi wasiohusika na Ukomunisti kwa lolote walipoteza riziki zao kwa sababu mtu fulani aliwachongea. Mlango wa kurudia ulikuwa mmoja tu: mtu afike mbele ya kamati ataje majina ya rafiki zake.

Lester Cole wakati huo alikuwa ameajiriwa na MGM, kampuni iliyokuwa tajiri kupita zote. Alisimamishwa kazi mara moja. Alikwenda mahakamani, na mwaka 1948 baraza la wazee wa mahakama likampa haki, lakini mwaka 1950 mahakama ya rufaa iliitengua hukumu hiyo. Mwaka huo huo Mahakama Kuu ya nchi ilikataa kuisikiliza rufaa ya wale kumi. Cole alihukumiwa kifungo cha mwaka mmoja na faini ya dola 1,000, akapelekwa katika gereza la Danbury, jimbo la Connecticut, pamoja na Ring Lardner.

Na hapa kuna jambo ambalo lau Cole angeliliandika katika mchezo, watu wangelisema ametia chumvi. Katika gereza lile lile walimkuta J. Parnell Thomas, yule yule mwenyekiti aliyewahoji. Alikuwa amepatikana na hatia ya kula fedha za umma kwa kuandikisha wafanyakazi wasiofanya kazi na kutia mishahara yao mfukoni. Kazi yake gerezani ilikuwa kuangalia kuku. Aliyedai kuilinda nchi na waliomkatalia walivaa nguo za aina moja na kula chakula cha sufuria moja.

EMBU, MERU NA KARATASI ZA UTIIFU

Msomaji anaweza kuuliza, haya ya Marekani yanatuhusu nini? Yanatuhusu, maana hewa ya namna hiyo ilivuma hapa kwetu pia katika miaka hiyo hiyo, na ilivuma kwa ukali zaidi.

Serikali ya kikoloni ilipotangaza hali ya hatari Kenya, Oktoba 1952, watu wa Embu na Meru walitiwa katika fungu moja na Wakikuyu. Mtu alitakiwa awe na pasi maalumu ndipo atembee. Wengi waliondolewa katika maboma yao wakakusanywa katika vijiji vilivyozungushiwa mahandaki. Waliokamatwa walitakiwa wakiri kiapo na wawataje waliowalisha kiapo hicho. Katika makambi ya Mwea, ambayo wakati huo yalikuwa katika wilaya ya Embu, waliokataa kukiri walipigwa ili wavunjike moyo. Na ulipofika uchaguzi wa kwanza wa wajumbe Waafrika, Machi 1957, Mkikuyu, Mwembu au Mmeru hakuruhusiwa kupiga kura mpaka awe na cheti cha utiifu. Kwa kuwa wenye vyeti walikuwa wengi zaidi Meru, kiti cha Jimbo la Kati kilimwendea Bernard Mate wa Meru, na Eliud Mathu aliyekuwa mashuhuri siku nyingi akashindwa.

Mizani ya mambo haya mawili si sawa. Cole alifungwa chini ya mwaka, akala akashiba na akatoka salama, hali Mwea watu walipoteza meno, mbavu na roho zao. Lakini swali lilikuwa la ukoo mmoja: taja, ukiri, utoe mwenzio, ndipo tukurudishie karatasi yako. Wazee wa Embu na Meru walioulizwa hivyo hawangehitaji kufasiriwa masaibu ya Lester Cole. Wahenga wetu walisema, heri kufa macho kuliko kufa moyo.

KALAMU CHINI YA BUIBUI

Alipotoka jela mwaka 1951 Cole alikuwa na umri wa miaka karibu 47, na milango yote imefungwa. Kazi yake ya pekee ilikuwa kuandika, na kuandika kwa jina lake kulikuwa marufuku. Akafanya kazi za kubahatisha, na akawa anauza maandishi kwa siri.

Jambo hili lilikuwa na desturi yake. Mwandishi aliyekatazwa aliweza kupata rafiki asiye na doa akakubali kulitia jina lake juu ya kazi isiyo yake. Au aliweza kubuni jina. Malipo yalikuwa sehemu ndogo tu ya yale ya zamani, na mwenye kampuni alijua vizuri anamnunua nani kwa bei ya chini. Katika miji yetu ya Pwani walikuwako waandishi wa barua, mtu huwaendea wakamwandikia, na barua ikaenda kwa jina la mwenyewe. Tofauti ni kwamba mwandishi wetu wa barua alikaa barazani mchana, na kila mtu alimwamkia kwa jina lake.

Tayari katika mwaka 1950 filamu ya Chain Lightning, iliyochezwa na Humphrey Bogart, ilikuwa imetoka ikisema hadithi yake ni ya J. Redmond Prior. Huyo ni Cole. Mwaka 1961 ikatoka Operation Eichmann, filamu ya bei ndogo iliyotengenezwa haraka haraka baada ya Mnazi Adolf Eichmann kukamatwa, na mwandishi wake akatajwa kuwa ni Lewis Copley. Huyo naye ni Cole. Mtu aliyewaza mahakama ya Wanazi kabla haijakuwako, alipopata kuiandika tena habari hiyo hakuweza kutia sahihi yake.

Mwaka huo huo wa 1961 alihamia London. Mji huo ulikuwa umewapokea wengi waliotoroka orodha nyeusi, na mmoja wao alikuwa Carl Foreman, mwandishi wa High Noon. Foreman pia aliwahi kuandika bila ya jina: yeye na Michael Wilson ndio walioandika The Bridge on the River Kwai, lakini tuzo ya Oscar ya uandishi ilitolewa kwa Mfaransa Pierre Boulle, mwenye kitabu, ambaye hakuiandika filamu. Kufika miaka ya 1960 Foreman alikuwa amekwisha kurudi katika heshima, na alikuwa msimamizi mkuu wa filamu iliyokuwa ikitayarishwa kwa kampuni ya Columbia. Filamu hiyo ndiyo Born Free.

SIMBA WA MTO URA

Kitabu cha Joy Adamson kilitoka mwaka 1960, kikauzwa dunia nzima. Mumewe, George, alikuwa askari mkuu wa wanyama katika wilaya za kaskazini, makao yao yakiwa Isiolo. Mwaka 1956 George alimpiga risasi simba jike, kisha akagundua kwamba alikuwa na watoto watatu. Wawili wakapelekwa katika bustani ya wanyama ya Rotterdam, Uholanzi. Wa tatu, aliye mdogo kupita wote, ndiye Elsa.

Watu wa Pwani wanayo sehemu yao katika hadithi hii. Elsa alipokuwa angali mdogo, akina Adamson walimchukua mpaka kijiji cha wavuvi karibu na mpaka wa Somalia, kaskazini ya Lamu, akaogelea katika Bahari ya Hindi na kucheza mchangani. Lakini makao yake ya mwisho yalikuwa Meru. Huko, katika nyika iliyo chini ya milima ya Nyambene, ambayo baraza la wilaya ya Meru lilikuwa limeitenga kwa ajili ya wanyama, ndiko alikofunzwa kuwinda na kuishi kama simba. Akazaa watoto watatu Desemba 1959. Akafa kwa maradhi ya kupe Januari 1961, akazikwa kando ya mto Ura.

Kazi ya mwandishi haikuwa nyepesi. Kitabu hakina jambazi, hakina vita, hakina mapenzi ya kuvunjika. Kinahusu mume, mke na mnyama, na swali moja: ukikipenda kitu, je, utakifungia au utakiacha kiende? Cole, aliyefunzwa na sinema za bei ndogo kutopoteza hata dakika moja, aliifuata njia iliyonyoka. Mchezo unakwenda kutoka kufugwa mpaka kuachiliwa, kila hatua ikisukumwa na ile iliyoitangulia, mpaka simba anaporudi na watoto wake kuwaonyesha waliomlea. Si ajabu kwamba mtu aliyewahi kufungiwa mlango wa gereza alijua jinsi ya kupanga hadithi ya kufunguliwa.

Filamu yenyewe ilipigwa zaidi Naro Moru, upande wa magharibi wa Mlima Kenya, ikiongozwa na James Hill. Walioicheza ni Virginia McKenna na mumewe Bill Travers, na simba kadhaa walitumiwa kumcheza Elsa. Baada ya kazi kwisha, George Adamson alipewa watatu, Boy, Girl na Ugas, akawapeleka Meru akawafunza kujitegemea, akipiga kambi katika kilima cha Mughwango. Mwaka 1966 Meru ikatangazwa kuwa mbuga ya taifa.

Katika Machi 1966 filamu ilionyeshwa London katika maonyesho ya kifalme, Malkia Elizabeth akiwapo. Mwaka uliofuata ikapata tuzo mbili za Oscar, zote za muziki wa John Barry, moja akishirikiana na Don Black aliyetunga maneno ya wimbo. Jina la Gerald L. C. Copley lilipita juu ya pazia mbele ya Malkia, na watu wakapiga makofi.

Wapo wengine ambao filamu hiyo haikuwapa nafasi waliyostahiki. Aliyekabidhiwa kuwalea simba wale wadogo tangu siku za mwanzo aliitwa Nuru, jina ambalo msomaji wa Pwani hahitaji kufasiriwa. Makedde, askari wa wanyama, alikuwa mwenzi wa safari nyingi. Katika filamu walichezwa na Peter Lukoye na Omar Chambati, lakini wanabaki pembeni kama watumishi, na nchi inaonekana kama kwamba ina Wazungu wawili na simba mmoja. Wameru, ambao baraza lao ndilo lililoitoa ardhi, hawasikiki. Filamu ilitengenezwa baada ya Kenya kupata uhuru wake, lakini macho yake yalikuwa bado ya jana.

MWISHO WA SAFARI

Lester Cole alirudi Marekani. Akafundisha uandishi wa sinema katika Chuo Kikuu cha California, Berkeley, na akawa anaandika maoni juu ya filamu katika gazeti la Kikomunisti. Mwaka 1981 alitoa kitabu cha maisha yake, akakiita Hollywood Red. Ukomunisti hakuuacha. Wenziwe wengi walijitoa baada ya mwaka 1956, maovu ya Stalin yalipofichuliwa na majeshi ya Urusi yalipoingia Hungary. Yeye alibaki. Waliomlaumu walisema kwamba mtu aliyedai uhuru wa rai katika nchi yake hakuupigania kwa nguvu hizo hizo kwa ajili ya watu wa Moscow na Budapest, na lawama hiyo ina uzito wake. Alifariki kwa maradhi ya moyo mjini San Francisco, tarehe 15 Agosti, 1985, akiwa na umri wa miaka 81.

Joy Adamson aliuawa Shaba, Januari 1980, na George akauawa na majambazi Kora, Agosti 1989. McKenna na Travers, ambao filamu ile iliyageuza maisha yao, walianzisha mwaka 1984 shirika la kuwatetea wanyama wanaofungiwa, ambalo baadaye lilichukua jina la filamu yenyewe. Hayo yote yalitokana na hadithi aliyoipanga mtu ambaye hakuruhusiwa kuitwa kwa jina lake.

Tukimpima Lester Cole, hatupimi malaika. Aliandika mengi ya kupita, mengine ya upofu, na katika siasa aliwasamehe wasiostahiki kusamehewa. Lakini siku alipoambiwa achague baina ya mshahara mkubwa na majina ya rafiki zake, aliuacha mshahara. Wapo waliochagua kinyume chake, wakaendelea kula na kusifiwa, na majina yao yakabaki juu ya pazia bila ya kukatika. Chanda chema huvikwa pete, lakini wakati mwingine pete huchelewa. Leo vitabu vya historia ya sinema vinaandika wazi kwamba Copley ni Cole. Kaburi la Elsa lipo Meru, kando ya mto, na lina jina lake. Mwandishi wake naye jina lake limerudi. Waliobaki kuandikwa ni akina Nuru na Makedde, na kazi hiyo inatungoja sisi wenyewe.